Haki ya Kumcheka Mtu: Kutoka Utani wa Msibani hadi Jukwaa la Vichekesho

Katika misiba ya makabila mengi ya Tanganyika palikuwa na mtu mmoja ambaye kazi yake ilikuwa kuwachekesha wafiwa. Maiti ikiwa bado ndani, yeye alikwisha kuvaa koti la marehemu, akashika bakora ya marehemu, akawa anapita uani kwa mwendo uleule wa marehemu, akikohoa kama yeye na kufoka kama alivyozoea kufoka. Jeneza likitolewa, alisimama katikati ya njia akalizuia lisipite mpaka apewe chochote. Kaburi likishachimbwa, alishuka akalala humo chali, akasema nafasi ni yake na hatoki bila kulipwa. Watu waliokesha wakilia waliangua kicheko, tena wafiwa wenyewe ndio waliokuwa wa kwanza. Mtu huyo alikuwa mtani, na mara nyingi ndiye huyohuyo aliyechimba kaburi, aliyeteka maji na aliyewalisha wafiwa siku ambazo jiko la nyumba ile halikuwashwa.

Naanza na mtani kwa sababu historia ya vichekesho vyetu kwa kawaida huanzishwa mahali pengine. Wengine huianzisha kwenye televisheni, na wanaorudi nyuma zaidi huianzisha kwenye shule za Waingereza, ambako mwigizo wa kuchekesha ulipata jina na jukwaa. Maelezo hayo yana ukweli kuhusu umbo la sanaa hii: jukwaa, mavazi, kiingilio. Hayatoshi kueleza kicheko chenyewe. Hoja yangu ni kwamba hadhira ya Kiswahili imejifunza kucheka ndani ya utani. Ukiitazama kwa makini mitindo mbalimbali ya uchekeshaji iliyopita katika ukanda huu kwa muda wa miaka mia moja hivi, utaona kwamba ile iliyopendwa kwa muda mrefu ni ile iliyofuata sharti la utani: anayechekwa awe na nafasi ya kucheka naye, na anayecheka awe na uhusiano unaompa haki hiyo.

Wanafalsafa wa Ulaya walilitafuta jibu ndani ya kichwa cha anayecheka. Thomas Hobbes, katika karne ya 17, alisema kicheko ni utukufu wa ghafla: namwona mwenzangu ameanguka, najiona bora. Immanuel Kant, karne moja baadaye, alisema kicheko hutokea pale matarajio yaliyopandishwa juu yanapoishia patupu. Kauli zote mbili zinaweza kuthibitishwa kwa mifano elfu, ila zote mbili hukwama mbele ya mtani. Yale maneno yake, akiyasema mtu mwingine asiye mtani kando ya kaburi lilelile, si kichekesho tena. Ni tusi, na pengine ni ugomvi wa kuamuliwa na wazee. Matarajio hayakubadilika, na anguko ni lilelile. Kilichobadilika ni nani amesema. Kwa hiyo swali la kwanza la hadhira yetu halikuwa jambo lipi linachekesha. Lilikuwa: huyu anayechekesha ni nani kwake huyu anayechekwa?

Haki hiyo ina historia, na ni historia ya njia na vita. Katika karne ya 19 misafara ya Wanyamwezi na Wasukuma ilishuka pwani na pembe za ndovu, ikipita katika nchi za Wagogo, Waluguru, Wakwere na Wazaramo. Mpagazi aliyekuwa miezi kadhaa mbali na kwao alihitaji chakula na mahali pa kulala, na kama maradhi yangemzidi, alihitaji mtu wa kumzika mahali asipokuwa na ndugu. Utani uliyatoa hayo yote. Mtani alichukua kuku wa mtani wake bila kuitwa mwizi, na mtani alimzika mtani wake bila kungoja jamaa. Upande wa kusini, Wangoni waliingia kwa mkuki kuanzia miaka ya 1840, na simulizi za huko hueleza kwamba waliopigana nao waligeuka kuwa watani wao baada ya vita kutulia. R. E. Moreau, mtaalamu wa ndege aliyefanya kazi katika kituo cha utafiti cha Amani huko Usambara, alivutiwa na jambo hili kiasi cha kukusanya maelezo ya makabila mengi na kuyachapisha katika miaka ya 1940. Wakati huohuo mwanaanthropolojia A. R. Radcliffe-Brown aliandika makala yake maarufu ya mwaka 1940 kuhusu uhusiano wa mizaha, akasisitiza kwamba ndani yake mmoja anaruhusiwa kumdhihaki mwenzake, na mwenzake hana ruhusa ya kukasirika. Utani wa kikabila huongeza kwamba zamu hubadilika. Leo umelala katika kaburi letu, kesho sisi tutalala katika lenu. Na ndani ya ukoo wenyewe ulikuwapo utani wa kila siku: wa babu na mjukuu, wa mashemeji, wa mtoto wa mjomba na mtoto wa shangazi.

Utani wa msibani ulikuwa uigizaji kamili. Mtani aliiga sauti, mwendo na tabia, alitumia mavazi na vifaa, alijua lini apandishe na lini aache, na hadhira yake ilimjibu papo kwa papo. Tena alikuwa na kazi ngumu kuliko ya mchekeshaji yeyote wa ukumbini, kwa maana watu wake hawakuja kucheka.

Pingamizi la kwanza ni zito, na limetoka kwa watu wanaoijua sanaa hii. Watafiti wa sanaa za maonyesho wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, wakiwemo Penina Mlama na Amandina Lihamba, wameonyesha kwamba vichekesho kama aina ya mchezo wa jukwaani vilichipuka katika mazingira ya shule za kikoloni. Tamthilia za Kiingereza zilikuwa za heshima, na kando yake ikazuka michezo mifupi ya kumcheka Mwafrika asiyejua ustaarabu wa Kizungu: anavaa viatu kinyume, anababaika na uma na kisu. Sinema ya kikoloni ilimtumia mtu huyohuyo. Mradi wa filamu za mafunzo uliofanyika Vugiri, Usambara, kati ya 1935 na 1937 ulimpenda sana mtu wa shamba anayepaswa kufundishwa, na mwanzoni mwa miaka ya 1950 filamu ya Kiswahili iitwayo Muhogo Mchungu ilitembeza vituko vya mtu wa shamba mjini Dar es Salaam. Mwigizaji wake mkuu alikuwa kijana Rashidi Mfaume Kawawa, ambaye baadaye alikuja kuwa Waziri Mkuu. Kama hapo ndipo mshamba wa vichekesho alipozaliwa, mtu anaweza kusema kwamba kicheko chetu cha jukwaani kilianza kama dharau ya aliyesoma kwa asiyesoma, na kwamba Hobbes alikuwa sahihi.

Nakubali kwamba mhusika huyo aliletwa na dharau. Lakini mhusika hubadilika kulingana na waliomo ukumbini. Shuleni aliyecheka alikuwa mwanafunzi aliyetaka kujitenga na baba yake. Vichekesho vilipotoka shuleni vikaingia katika vikundi vya ngoma na hatimaye katika mabaa, waliolipa kiingilio walikuwa wapishi, makuli, madereva, wauza samaki na wake zao, ambao wengi wao walikuwa wamefika mjini na kifurushi kichwani vilevile. Walipomwona mshamba anapanda jukwaani na suruali iliyomzidi kiuno na koti la kufika magotini, walikuwa wakijiona wenyewe siku ya kwanza kituoni. Na hapo mchezo ukageuka. Mshamba akaanza kushinda. Alianza kwa kutapeliwa na akaishia kumtapeli tapeli. Alimwamkia mwenye nyumba kwa unyenyekevu na akaishia kula chakula cha mwenye nyumba. Dhihaka aliyotupiwa alipewa nafasi ya kuirudisha, na sharti hilo Mwingereza hakulileta. Lilikuwapo tayari.

Mabaa ya Dar es Salaam ya miaka ya 1980 na 1990 ndiyo yaliyoufikisha mtindo huu kileleni, na naona hatujayatendea haki katika maandishi. Vikundi vya taifa vya sanaa vilipovunjwa na Chuo cha Sanaa Bagamoyo kuanzishwa mwaka 1981, uhai wa maonyesho ya mjini ulishikwa na vikundi vya kujitegemea na vya mashirika: Muungano ya Norbert Chenga, DDC Kibisa, Mandela, na tangu 1992 Tanzania One Theatre ya Kapteni John Komba. Onyesho moja lilijaza jioni nzima na kula sehemu ya usiku: ngoma, sarakasi, kichekesho, mchezo wa kuigiza, kisha taarabu. Kichekesho hakikuandikwa. Waigizaji walikubaliana kisa, nani aingie kwanza na mwisho uwe upi, na yaliyobaki yalitengenezwa palepale mbele ya watu. Mtu wa meza ya nyuma akirusha neno, mwigizaji alilidaka na kumrudishia likiwa na meno. Aliyefurahi alinyanyuka, akapanda jukwaani akamtunza mwigizaji noti, na kwa muda huo mtazamaji naye akawa sehemu ya mchezo, naye akataniwa kwa mwendo wake au kwa udogo wa noti yake. Kukasirika hakukuwezekana. Aliyekasirika alizomewa na ukumbi mzima, na kuzomewa huko ndiko kulikochukua nafasi ya faini ya mtani aliyenuna.

Katika mazingira hayo Said Ngamba, tuliyemjua kama Mzee Small, alijenga jina lake. Umbo lake jembamba na uso wake wa uchovu vilimfanya aonekane mtu ambaye dunia imekwisha kumshinda, mpaka pale alipofungua mdomo. Redioni, ambako hapakuwa na umbo wala koti, kazi ilifanywa na lafudhi na maneno: Pwagu na Pwaguzi wa Redio Tanzania Dar es Salaam walikuwa matapeli wawili wasioaminika hata mmoja kwa mwenzake, na msikilizaji alikaa kuvizia nani kati yao atakayeponzwa leo. Ni utani wa zamu, uliotiwa ndani ya kipindi cha redio.

Hata hivyo siwezi kuitetea kila tungo iliyopita katika kumbi zile. Palikuwa na kicheko ambacho hakikuwa na utani ndani yake. Muuza duka wa Kihindi aliigwa Kiswahili chake usiku baada ya usiku, naye hakuwamo ukumbini kujibu. Mwenye kigugumizi, kipofu na mlemavu walifanywa vichekesho vya bure, na mwanamke aliigizwa na mwanamume aliyejaza vitambaa kifuani ili apigwe jukwaani na watu wacheke. Hapo Hobbes anashinda. Wanaosema kwamba huo ulikuwa mzaha tu wa zamani, na watu wa siku hizi wamekuwa wepesi kuudhika, wanasahau kwamba utani wa zamani haukuwa huru hivyo. Ulikuwa na mipaka inayojulikana: nani na nani, jambo gani, wakati gani. Mchaga humwambia Mpare kwamba yuko radhi auze ng'ombe ili ashinde kesi ya kuku, na Mpare ana jibu lake kuhusu Mchaga na fedha, analo tangu kwa babu yake. Kigugumizi wa jukwaani hakupewa jibu. Kumwita mtani ni kulitumia jina la desturi ambayo yenyewe ingemkinga.

Pingamizi la pili linahusu kicheko cha mwili. Mtoto wa miaka mitatu humcheka mtu anayeteleza, wala hajui utani ni nini. Basi yupo Amri Athumani, King Majuto wa Tanga, ambaye kwa miongo mingi alichekesha kwa tumbo, kwa macho yaliyotoka, kwa namna ya kukimbia huku ameshika bukta isimvuke. Alizaliwa 1948 na alipofariki Agosti 2018 nchi nzima ilimwomboleza, kuanzia viongozi wa serikali hadi watoto waliomjua kwa kanda za video tu. Je, hapo haki ya kucheka ilitoka wapi? Nadhani ilitoka katika umri wake. Majuto aliyeenea nyumba kwa nyumba wakati wa soko la filamu za Kiswahili alikuwa mzee: baba mkaidi, babu mchoyo, mtu mzima anayejitia ujana. Mzee wa kweli barabarani akianguka, mtoto wa Kiswahili humkimbilia kumwinua na kumpa pole, na akicheka atachapwa. Lakini babu ni mtani wa wajukuu. Anaweza kumwita mjukuu wake mume mwenza, naye mjukuu akamwambia babu kwamba hana meno ya kulia ubwabwa wa harusi. Majuto aliwafanya watazamaji wote wajukuu zake, na kwa njia hiyo aliwapa ruhusa ambayo adabu ya kawaida ingewanyima. Wapo wengi waliojaribu kuanguka kama yeye. Kuanguka waliweza, ila hawakuwa babu wa mtu.

Kenya inanipa mtihani mgumu zaidi, kwa sababu utani wa makabila haukusimikwa huko kwa upana kama Tanzania, na siasa za makabila zimewagharimu watu damu. Benson Wanjau alikuwa Mkikuyu. Kwa miongo kadhaa katika kipindi cha Vitimbi alikuwa Mzee Ojwang, Mjaluo mwenye kofia, miwani na Kiswahili chenye lafudhi nzito ya Ziwa Nyanza, na mkewe Mama Kayai aliigizwa na Mary Khavere, ambaye ni Mluhya. Mkikuyu kumwiga Mjaluo mbele ya taifa, katika nchi ambayo uhasama wa kisiasa wa makabila hayo mawili ulikuwa mkali tangu miaka ya 1960, kungeweza kuwa chokochoko. Badala yake Wajaluo walimpenda, na wengi hawakujua kabila lake mpaka alipofariki Julai 2015. Tazama alivyotengenezwa mhusika huyo. Lafudhi ilikuwa sauti ya mwenye nyumba, wala haikubebeshwa upumbavu. Ojwang alikuwa na majivuno, alikuwa mjanja, alikuwa na neno la mwisho, ila neno hilo alinyang'anywa na Mama Kayai, kisha akalirudisha. Mjaluo aliyemtazama aliona mtu wa kwao amepewa ulimi. Pasipokuwa na utani wa kurithi, waigizaji wazuri huutengeneza, na hawaujengi kwa kitu kingine ila kubadilishana zamu.

Litabaki swali la mamlaka, na hapa nadharia yangu inavutwa hadi mwisho wa uwezo wake. Wachekeshaji wa kikundi cha Redykyulass cha Kenya, Walter Mong'are, Tony Njuguna na John Kiarie, walimwiga Rais Moi kwenye televisheni akiwa bado madarakani, kwa sauti yake na rungu lake. Hakuwa mtani wao wala hakuwapa ruhusa. Mtu atasema: basi kejeli ya kweli huivunja ile sheria yako. Nasema iliivunja upande mmoja na kuitii upande mwingine. Kwa zaidi ya miaka 20 rais ndiye aliyekuwa na neno, redioni na kwenye magazeti, na mwananchi hakuwa na zamu. Kumwiga kulikuwa kuidai zamu hiyo. Ndiyo maana kicheko cha kumcheka mkubwa hakifanani na kicheko cha kumcheka kipofu, hata kama mbinu ya kuiga ni ileile: mkubwa ana majukwaa yote ya kujibia. Tanzania ilipita njia ya upole zaidi. Vijana wa Ze Comedy, akina Joti, Masanja na Mpoki, walianza kuwaiga viongozi kwenye kituo cha binafsi, kisha wakahamia televisheni ya taifa wakiwa Orijino Komedi, yaani dola yenyewe iliwapokea wanaoiiga. Lakini Mei 2020 mchekeshaji Idris Sultan alishikiliwa na polisi baada ya kusambaa video ambamo alikuwa akiicheka picha ya zamani ya Rais Magufuli, na shauri lililopelekwa mahakamani likawa la laini ya simu. Rais huyo mwenyewe alikuwa hodari wa kuwatania watani zake wa makabila mengine katika mikutano ya hadhara, na watu walicheka. Utani wa kwenda upande mmoja tu haukutosha kuwa utani.

Mahali ambapo sharti hili la kale linaishi kwa afya kamili ni mpirani. Yanga iliyoanzishwa 1935 na Simba ya 1936 huitwa watani wa jadi hata na watangazaji wa habari, na mshindi wa siku huzunguka mitaa ya Kariakoo na jeneza la bandia lenye rangi za aliyefungwa, watu wakilia kilio cha kuigiza nyuma yake. Aliyefungwa hunywea, hufunga duka mapema, huzima simu, naye anajua kwamba jeneza jingine litachongwa upande wake.

Hali si hiyo kwenye video fupi za simu, ambazo leo ndizo ukumbi mkubwa kuliko zote. Kijana anamvizia mama muuza mboga, anamtisha au anamdanganya, anamrekodi akipiga yowe, anamrusha mtandaoni. Wanaocheka ni wengi kuliko waliowahi kuingia katika mabaa yote ya Dar es Salaam, na mama yule hajui hata kwamba amechekwa. Wachekeshaji wa jukwaani, wale wanaosimama peke yao na kipaza sauti kama wa Churchill Show jijini Nairobi au Cheka Tu jijini Dar es Salaam, wamelielewa sharti la utani vizuri zaidi. Wamesimama mbele ya wageni watupu, wasio na undugu nao wala utani wa kurithi, na wanajua ruhusa haipo mpaka waitafute. Msikilize anayeijua kazi yake: ataanza na kabila lake, na njaa ya kwao, na sura yake mwenyewe, na mama yake mzazi. Atawaacha wacheke hapo mpaka washibe. Baada ya hapo ndipo atamgeukia mtu wa safu ya mbele na kumwuliza katokea wapi, na akijibiwa kwa neno kali kuliko lake, atasubiri makofi yamalizike kabla hajaendelea.